Mundu au nundu: neno lipi tulipe "gibbous"?

Kazi yenyewe ilikuwa ndogo. Kadi ya kubandika ukutani darasani, picha nane za mwezi zimepangwa kwa duara, na chini ya kila picha jina lake la Kiingereza. Nilitakiwa niweke ya Kiswahili, malipo kwa kadi nzima. Picha sita hazikunichukua hata nusu saa. Mbili zikaninyima usingizi: zote zilionyesha mwezi uliopita nusu lakini haujatimia, mmoja unakua, mwingine unapungua, na chini yake pameandikwa "waxing gibbous" na "waning gibbous".

Mara ya kwanza niliandika "mwezi wa robo tatu". Mara ya pili nikaandika kitu kilichonifurahisha mno, na hicho ndicho kilichoniponza zaidi. Yote mawili nitayafikia. Haya ninayoyaandika ni ya mtu atakayekaa pale nilipokaa: mtafsiri, mwalimu wa sayansi, au mwanafunzi aliyekutana na neno hili kitabuni akaona kamusi inampa "-enye kubinuka" na kumwacha hapo hapo.

Neno lenyewe

Gibbous hutamkwa gibasi, na g yake ni ile ya gari na gunia. Kiingereza kina maneno yanayoanza na herufi hizo hizo, kama "gibberish", ambayo g yake husomwa j, kwa hiyo hata wenye lugha yao hujikwaa. Sisi tukilisoma kama tunavyosoma neno letu lolote, mwanzo wake tumeupata.

Asili yake ni Kilatini, gibbus, yaani nundu. Hakuna fumbo hapo. Liliingia Kiingereza karibu mwaka 1400 kwa maana ya kitu kilichotuna au kilichobinuka, na kufikia karne ya 17 lilikuwa limeanza kutumiwa kwa mwezi. Leo, ukiacha vitabu vya mimea na wanyama, mwezi ndio karibu kila kitu lilichobakiwa nacho. Mtu wa kawaida wa London au Chicago anaweza kumaliza mwaka bila kulitamka. Akilisoma, atakuwa amelikuta kwenye kalenda ya mwezi au kwenye hadithi ya kutisha, maana watunzi wa hadithi hizo wanapenda mlio wake, mzito na wa kuchukiza kidogo.

Maana yake ya kipimo ni rahisi: sehemu inayong'aa ni zaidi ya nusu na ni pungufu ya yote. Maana yake ya umbo ndiyo inayotaka kuonwa kwa macho, na kwa hilo chungwa moja linatosha.

Usiku, zima taa. Washa tochi ya simu, iegemeze simu kwenye kikombe juu ya meza, nuru ikutazame. Shika chungwa, nyoosha mkono. Chungwa likiwa kati yako na tochi, upande ulio kwako wote ni giza. Huo ndio mwezi usioonekana. Sasa geuka polepole pale pale uliposimama, mkono umenyooka vilevile. Kwanza utaona ukingo mwembamba wa nuru. Ukifika mahali ambapo tochi iko ubavuni kwako, nusu ya chungwa inawaka, na mpaka wa nuru na giza ni mstari ulionyooka kama umekatwa kwa kisu. Geuka kidogo tena, tochi ianze kurudi nyuma ya bega. Utazame ule mstari: haujanyooka tena, umeanza kutuna kuelekea gizani. Kule kutuna ndiko gibbous. Kutaendelea hadi mstari ukutane na ukingo wa chungwa lenyewe na chungwa lote liwake. (Hapo mwishoni inua mkono kidogo, kichwa chako kisilifunike kwa kivuli. Kikilifunika, umepata kupatwa kwa mwezi, na hiyo ni habari nyingine.)

Baada ya chungwa, nundu ya ng'ombe haikuwa mbali. Ndama wa ng'ombe wetu wa kienyeji huzaliwa mgongo wake karibu umenyooka. Kila akikua, nundu inapanda. Mwezi wa tarehe 7 ya mwandamo ni ule mgongo ulionyooka. Tarehe 8 au 9 nundu imeanza kuota.

Gibbous na crescent

Hawa wawili ndio wanaochanganywa zaidi, na ndio rahisi kuliko wote kuwatenganisha. Tazama pembe. Kwenye crescent, ule mwezi mwembamba, mpaka wa nuru na giza umeingia ndani, kwa hiyo mwezi una pembe mbili zilizochongoka. Kwenye gibbous mpaka huo umetoka nje, na pembe hakuna. Ukiona hata ncha moja iliyochongoka, si gibbous.

Mtego uko kwenye picha za kupatwa kwa mwezi. Mwezi uliopatwa sehemu unaweza kuwa unawaka zaidi ya nusu, na mtu mwenye haraka akauita gibbous. Lakini kivuli cha Dunia kimeumega kwa kuingia ndani, kama chapati iliyong'atwa. Nimewahi kuikuta picha ya namna hiyo kwenye karatasi ya mazoezi ya wanafunzi, imepewa jina hilo bila wasiwasi.

Crescent nalo lina mkasa wake. Linatoka kwenye kitenzi cha Kilatini chenye maana ya kukua, na zamani lilikuwa la mwezi unaokua tu. Kisha likageuka kuwa jina la umbo, hadi leo Mwingereza anasema "waning crescent" bila kushtuka, ingawa ukilifungua neno kwa neno amesema kinachokua kinachopungua. Kwa Kiswahili kosa kama hilo linatungoja kwenye mwandamo. Mwezi mwandamo ni mwezi ulioandama, wa siku ya kwanza, ule ambao watu hupanda juu ya nyumba au kushuka pwani kuutafuta Shaabani ikiisha. Huwezi kuuita mwandamo ule mwembamba wa alfajiri ya tarehe 27. Kwa umbo, mwanzoni na mwishoni mwa mwezi, hilali inatosha. Sura ya Yasin, aya ya 39, inaufananisha mwezi unaorudi kuwa mwembamba na karara kongwe la mtende, na aliyeliona karara hilo limekauka na kupinda hahitaji mchoro.

Majirani wengine wa Kiingereza

Convex ni neno la vioo na hesabu, na shuleni tunalo tayari: lenzi mbinuko, kinyume cha lenzi mbonyeo. Umbo la mwezi wa gibbous lote limebinuka kwenda nje, kwa hiyo kuliita convex si uongo, ila ni kama kumwita mbuzi mnyama. Mgongo wa kijiko ni convex na hakuna atakayeuita gibbous. Kama sentensi yako inazungumzia kioo cha pembeni mwa gari, chagua mbinuko na uendelee na maisha.

Bulbous limetoka kwenye tunguu la mmea, na hilo linakupa picha: kitu kilichovimba mviringo, mara nyingi mwishoni mwa kitu chembamba. Pua, glopu, chupa. Oblate ni la tufe lililobonyezwa juu na chini, kama Dunia, ambayo kipenyo chake kwenye Ikweta ni kilomita 12,756 na kutoka ncha hadi ncha ni 12,714. Hili nalitaja kwa sababu watoto wakiuona mwezi wa tarehe 11 huuliza kama mwezi umekuwa yai. Mwezi haujabadilika hata kidogo. Kilichobadilika ni mahali nuru inapoishia.

Lunate ni la umbo la hilali, na daktari analijua kutoka kwenye mifupa minane ya kifundo cha mkono, mmoja wao unaitwa hivyo. Falcate ni la mundu: pezi la mgongoni la pomboo, limepinda kwenda nyuma. Kumbuka huo mundu, tutarudi kwake.

Robo tatu, na kwa nini niliifuta

"Mwezi wa robo tatu" ulinipendeza kwa sababu mtoto anaijua robo tangu kwenye kununua unga. Tena sikuwa peke yangu, Wajerumani nao huuita hivyo. Kasoro ya kwanza ni ndogo: robo tatu ni kipimo kimoja, na gibbous ni safari ya karibu juma zima. Siku moja baada ya kuwa nusu, mwezi unang'aa yapata asilimia 60. Asilimia 75 inafika baada ya siku mbili na nusu hivi na kupita usiku uleule. Siku mbili kabla ya kutimia ni 95, na hapo jirani yako atakuapia kwamba mwezi umeshakuwa mpevu.

Kasoro ya pili ndiyo iliyoniaibisha. Wanafalaki wa Kiingereza huuita mwezi uliowaka nusu "first quarter", robo ya kwanza, maana wao wanahesabu robo ya safari ya kuizunguka Dunia, si robo ya nuru. Nusu ya pili ni "third quarter". Mimi nilikuwa nimezitafsiri zile mbili kwa uaminifu, kwa hiyo kadi yangu ikawa na robo ya kwanza chini ya nusu, robo ya tatu chini ya nusu nyingine, na robo tatu mara mbili chini ya ile minene. Mwalimu aliyeikagua aliirudisha na swali moja la kalamu nyekundu: "Robo tatu na robo ya tatu, mtoto atajuaje?" Sikuwa na jibu. Zile nusu nikaziandika nusu, na nikaanza upya kutafuta.

Yapo mengine niliyoyapima. "Mwezi unaokaribia kupevuka" ni Kiswahili kizuri, na kwa unaokua hauna kasoro. Kwa unaopungua ni uongo, maana wenyewe umeshapevuka na unaondoka. "Mwezi uliobinuka pande mbili" ni sahihi kuliko yote. Ndivyo Wagiriki wa kale walivyouita, amphikyrtos, uliopinda huku na huku, na kama unaandika maelezo ya jiometri usitafute jingine. Ila haukai chini ya picha ya sentimita nne.

Kisha kuna kibyongo. Waarabu, ambao wametuachia hilali na badri (mwezi mpevu), mwezi wa namna hii huuita ahdab, neno lile lile la mtu mwenye kibyongo, na kwenye vitabu vyao vya falaki ni la kawaida kabisa. Nililipenda kwa dakika chache. Lakini kwetu kibyongo ni cha mtu. Ukiliandika ukutani, darasani mwenye mgongo uliopinda atapewa jina la mwezi kabla ya mapumziko ya saa nne. Nundu ni ya ng'ombe na ngamia, na bucha ni nyama yenye mafuta. Haimuumizi mtu.

Mundu na nundu

Hapa ndipo nilipojidhuru kwa furaha. Hilali imepinda kama mundu. Gibbous imetuna kama nundu. Mundu, nundu: herufi moja tu, na lugha kama imekupangia. Niliandika mwezi mundu unaokua, mwezi nundu unaokua, mwezi nundu unaopungua, mwezi mundu unaopungua. Niliyasoma kwa sauti peke yangu chumbani, nikaona watoto wakiyaimba.

Tazama kibodi yako. M na n zimekaa pamoja, pua kwa pua. Aliyepanga kurasa alibadilisha mwandiko wa maneno, akachapa upya majina manane kwa mkono, na kadi ya majaribio ikarudi na "mundu" chini ya mwezi mnene na "nundu" chini ya mwembamba. Programu ya kukagua tahajia haikusema kitu. Yote mawili ni maneno halali ya Kiswahili. Mimi mwenyewe niliipitia mara mbili bila kuona, maana macho yalikuwa yanasoma nilichokuwa nacho kichwani. Aliyeona ni binti wa mwenye duka la stationari, aliyeiangalia picha kwanza na maneno baadaye.

Kwa hiyo hukumu yangu ni hii. Mdomoni, darasani, tumia mundu na nundu. Kama ukumbusho hakuna kinachozidi. Kwenye karatasi andika hilali na nundu, ili kosa la kidole lisigeuze mbingu.

Bado kuna jambo dogo la sarufi. "Mwezi wa nundu" una hatari ya kusikika kama jina la mwezi wa kalenda, kama mwezi wa mavuno au mwezi wa tatu. Ndiyo maana naandika mwezi wenye nundu. Na hapo Kiswahili kinatupa zawadi ambayo Kiingereza hakina: mwezi wenye nundu unaokua. Kinachokua ni mwezi, upatanisho umeshasema. Ingekuwa nundu ningeandika inayokua. Sihitaji mkato wala mabano.

Unaokua na unaopungua

Hapa vitabu vya Ulaya na Marekani vinatupoteza. Vinafundisha kwamba upande wa kulia ukiwaka mwezi unakua, na wa kushoto ukiwaka unapungua. Kule kaskazini ni kweli. Kwa mtu wa Australia ni kinyume chake. Kwetu tulio karibu na Ikweta, Nairobi digrii moja tu kusini, Mombasa nne, Dar es Salaam karibu saba, kulia na kushoto havitusaidii. Hilali yetu ya magharibi huonekana imelala kama mtumbwi, na mwezi wenye nundu nao hulala.

Toka nje saa kumi na moja jioni, tarehe 11 ya mwandamo. Mwezi umeshachomoza mashariki kabla ya jua kuzama. Upande ulio mviringo kamili unatazama juu, na sehemu iliyokatwa iko chini, kuelekea upeo. Amka saa nane usiku uutazame tena ukiwa magharibi: mwezi uleule, sasa mkato uko juu. Mtoto aliyefundishwa kulia na kushoto atasema umebadilika ndani ya usiku mmoja.

Kipimo cha kuaminika hapa ni saa. Mwezi wenye nundu unaokua huchomoza kati ya saa sita mchana na magharibi. Ukiuona angani alasiri, kabla ya adhana ya magharibi, ndio huo. Unaopungua huchomoza baada ya magharibi na kabla ya saa sita usiku, kila siku umechelewa yapata dakika 50, na asubuhi wanafunzi wanaokwenda shule huukuta bado uko magharibi, mweupe kama kipande cha muhogo. Kadi yangu ya mwisho ina mstari mdogo chini ya kila nundu unaotaja saa, na mchoro hautegemei mkono wa kulia wala wa kushoto.

Kwa watu wasiohitaji neno hili kabisa, usiwapelekee. Mvuvi wa pwani haulizi asilimia ya nuru. Anajua mwezi ukiwa nusu ni maji mafu, na ukitimia au ukiandama bamvua inafuata baada ya siku moja au mbili, maji yanapanda na kushuka zaidi ya mita 3 Mombasa na Unguja. Mwezi wenye nundu unaokua kwake ni zile siku za katikati, maji yanapoamka kutoka ufu kwenda bamvua. Kina mama wa mwani wa Paje na Jambiani nao wanazihesabu hizo siku, maana shamba lao linafikika vizuri maji yakitoka mbali. Mvuvi wa dagaa wa Kigoma au Mwanza anahesabu kinyume: taa yake inafanya kazi penye giza, na nundu ikishakuwa kubwa mbalamwezi inamwibia samaki, kwa hiyo hupumzika hadi mwezi uchelewe kuchomoza. Ukiwaandikia hawa, andika tarehe za mwandamo: 8 hadi 13 kwa unaokua, 16 hadi 21 kwa unaopungua, siku moja ikipungua au kuzidi. Anayefunga siku nyeupe, tarehe 13, 14 na 15, tayari anajua usiku wa 13 haujatimia.

Pale umbo hili lilipoamua kesi

Msomaji anaweza kuuliza kama kuna haja ya jina la pekee kwa mwezi mnene usiotimia. Ipo, na sababu inanivutia kuliko mwezi wenyewe: sayari ya Zuhura.

Katika mpangilio wa Ptolemy, mwanafalaki wa kale, Dunia ikiwa katikati, Zuhura ilikaa siku zote upande wetu wa Jua, chini yake. Kwa chungwa letu: tochi iko mbali, na chungwa linaruhusiwa kuzunguka kati yako na tochi tu, haliruhusiwi kwenda nyuma ya tochi. Jaribu. Utapata giza, utapata hilali nyembamba na nene. Nundu hutaipata hata ukihangaika usiku kucha. Mwaka 1610, kuanzia msimu wa vuli, Galileo akiwa Florence aliielekeza darubini yake kwenye Zuhura. Kwanza aliiona ndogo na karibu mviringo kamili. Mwezi Desemba ikawa nusu. Kisha ikaota pembe na kuwa kubwa. Umbo ambalo kwa Ptolemy halikupasa kuwepo lilikuwepo, na maana yake Zuhura inapita pia ng'ambo ya Jua. Haikuthibitisha kila alilosema Copernicus, aliyeliweka Jua katikati, maana mpangilio wa Tycho Brahe, uliozizungusha sayari kwenye Jua na Jua kwenye Dunia, nao uliweza kueleza jambo hilo. Lakini wa Ptolemy haukupona. Sasa mtafsiri aliyeandika hapo "Zuhura ilionekana kama mwezi mkubwa" amelifuta shauri zima. Hapo andika nundu, au ueleze: zaidi ya nusu, haijatimia.

Mirihi ndiyo yenye nundu kwa tabia. Iko nje ya njia ya Dunia, kwa hiyo kutoka hapa haiwezi kuota pembe kamwe. Inapopungua sana hubaki inang'aa yapata asilimia 84. Mwishoni mwa 1610 Galileo alimwandikia Castelli, mwanafunzi wake wa zamani, kwamba kama hakosei ameanza kuiona si mviringo kamili.

Na Dunia yetu? Picha maarufu aliyoipiga William Anders tarehe 24 Desemba 1968, akiwa kwenye chombo cha anga cha Apollo 8 akiuzunguka Mwezi, inaonyesha Dunia ikichomoza juu ya ardhi ya kijivu, nayo ina nundu. Haikuwa bahati. Sura ya Dunia kutoka Mwezini ni kijalizo cha sura ya Mwezi kutoka kwetu: sisi tukiona hilali, wao wanaona Dunia yenye nundu. Jioni hiyo mtu wa Lamu angeona hilali changa magharibi. Idi ya mwaka 1388 Hijria ilikuwa imepita siku chache tu. Ile picha nyingine, ya Apollo 17 ya tarehe 7 Desemba 1972, yenye Afrika na Arabuni waziwazi, ni Dunia karibu imetimia.

Mimea, samaki na mgongo wa mtu

Kwenye botania neno hili ni kali zaidi: kitu kilichotuna upande mmoja, mara nyingi karibu na kitako, kama ua lililoota uvimbe chini ya bomba lake. Limeganda kwenye majina ya kisayansi. Lemna gibba ni ule mmea mdogo wa kijani unaoelea kwenye madimbwi, ambao tumbo lake limefura. Lutjanus gibbus ni samaki mwekundu wa miamba, anayepatikana kuanzia pwani yetu hadi visiwa vya Pasifiki, na ukimwona ubavuni utaelewa: kutoka kichwani mgongo unapanda ghafla. Hapa usiseme "mbinuko" tu. Sema kimetuna upande mmoja, na uutaje upande.

Wa mwisho ni mgongo wa mtu. Kiingereza cha zamani kilitumia gibbous hata kwa binadamu, na hospitalini gibbus bado ni jina la ule mkunjo mkali wa uti wa mgongo ambao kifua kikuu cha mifupa huuacha kinapobomoa pingili. Ukikutana nalo kwenye ripoti ya picha ya eksirei, nundu na kibyongo vyote viweke kando. Andika "uti wa mgongo umekunjika kwa pembe kali" na utaje pingili zilizobomoka, kwa sababu mgonjwa ataisoma karatasi hiyo kabla ya daktari kumwita.